Mshono wa gunia la korosho

Leo binamu yangu Saidi kaleta ushahidi mzito ofisi ya kijiji, na ushahidi ukamgeukia.

Kamshtaki Bi Alima, jirani yetu aliyezaliwa ng'ambo ya Ruvuma, kwamba gunia la korosho lililo nyumbani kwake kamwibia yeye Saidi. Akionekana ana kosa, anapelekwa polisi.

"Tazameni mdomo wa gunia," Saidi akasema. "Huu ni mshono wa Kimakua, wa marehemu mama yangu. Hawa watu wa Msumbiji hawaujui."

(Sisi Wamakua wenyewe hapa tuko wachache. Tukipata wa kumdharau tunajiona wengi.)

Bi Alima hakupandisha sauti.

"Saidi mwanangu, mama yako alifundishwa na nani?"



Nikakikumbuka kibaraza cha Bi Alima cha zamani: mama zetu mkekani, sindano mkononi, sisi watoto tunamaliza mihogo yake ya kuchoma. Saidi akiongoza.

Mwenyekiti akauliza nani mwingine anashona hivyo. Nusu ya watu tukanyoosha mikono.

Kesi ikafutwa.

Bi Alima alipompita Saidi akamwambia, "Twende ukale. Mihogo ipo."

Kaenda.

Nyie mliokula pale zamani, semeni kweli: ingewapita kooni?