Kope Moja ya Kobe

Aibu nyingine mtu unazeeka nayo, na hii yangu afadhali niiseme mwenyewe kabla hamjasimuliwa na watu wa Iguguno, maana wale huongeza chumvi.

Ilikuwa miaka ile ya ruksa, maduka ya Singida mjini yamejaa saa za kubonyeza na kila mwanaume anatembea ametanguliza mkono kama umeteguka (mimi saa sijui kuisoma mpaka leo, shule niliiachia darasa la pili, ng'ombe walinihitaji zaidi). Mpwa wangu Juma akataka kuoa huko Iguguno, akanichagua mimi niwe mshenga kwa sababu ya mdomo wangu, kwani kwetu Unyambwa watoto walikuwa hawalali bila hadithi zangu za nchi iliyo chini ya miamba, isiyo na jua, ambako muda hupimwa kwa kope: mfalme wao kobe akifumba jicho mpaka alifumbue, hiyo ni kope moja, unasonga ugali, unakula, na sufuria unaosha.

Basi tumeketi, mimi, kaka yangu na Juma, kwa Mzee Mkumbo, baba wa binti, mambo yanakwenda, akataja mahari anayotaka, nikaomba tutoke nje tukashauriane. Akaninyooshea saa yake usoni.

"Mnarudi saa ngapi, mshenga? Mkichelewa, faini mbuzi."

Ningesema sijui kusoma, yangeishia hapo. Nikasema, "Kope moja tu, mkwe."

"Kope ndiyo nini?"

"Kipimo chetu Unyambwa." Na nikaeleza yote, kobe na ufalme wake, bila kucheka.

Wazee wakatazamana. Bibi yake binti, aliyekuwa kimya tangu asubuhi, akasema, "Kobe wamejaa kwenye alizeti yetu. Leteni mmoja tupime."

Akaletwa, akawekwa katikati ya mkeka. Akaingiza kichwa ndani.

"Kope imeanza," akasema Mzee Mkumbo, uso mkavu. "Jibu la posa mpaka aimalize."

Tukakaa. Chai ikapoa, kaka yangu akasinzia, lori lililotuleta likapiga honi barabarani, likapiga tena, likaondoka. Juma jasho linamtiririka, maana kesho yake mwenye mashine ya kukamua mafuta alikuwa anakuja kumposa binti huyo huyo, na yule mahari haimtishi. Mimi namwomba kobe kimoyomoyo.

"Mshenga," bibi akaniuliza, "huko kwenu mimba hukaa kope ngapi?" Mkeka mzima ukacheka.

Juma akasimama. "Wazee wangu, shikamooni tena. Mjomba anawadanganya. Kobe ni wa hadithi za watoto, na saa hajui kuisoma. Mimi ndiye ninayeoa, niulizeni mimi, msinifungie mke ndani ya gamba la kobe."

Mzee Mkumbo akamwangalia sana.

"Toka asubuhi nangoja mmoja wenu aseme jambo la kweli," akasema. "Njoo ukae hapa karibu yangu, mwanangu. Na wewe mshenga, mrudishe mfalme wako shambani."

Nikamrudisha, nimembeba kifuani, wakwe wote wanaangalia, na mpaka nilipotoka kwenye alizeti posa ilikuwa imeshajibiwa, wameshakubali, mimi sipo. Siku ya harusi wakanipa kazi ya kulinda viatu vya wageni, nikavilinda vizuri tu.

Sasa mtu akiniuliza nisichokijua namwambia sijui, hapo hapo, kabla akili haijaanza kupamba. Na ushenga, hata wa mwanangu wa kumzaa, siugusi.