Muhuri wa Mwami wa Rosettenville

Shule ya jioni ilinifundisha kwamba katika falme zenye katiba, waziri huandika amri, mfalme huitia sahihi, na bunge linaweza kuifuta. Chama chetu cha Wakongo kule ugenini, mtaa wa Rosettenville, kilikuwa na mwami, mfalme wetu wa heshima tu, na katibu mwenye majivuno ya kujaza stesheni nzima. Wiki ya harusi ya dada yangu na Mrundi wake, katibu akabandika amri ya mwami: binti asiolewe na asiye Mkongo.

Nikamwendea mzee mwami. “Baba, umeisoma hii?”

“Mwanangu, mimi napiga muhuri tu. Kusoma ni kazi ya katibu.”

“Basi itisha mkutano, Baba.”

Wanachama waliifuta amri kabla chai haijapoa. Harusini yule katibu mpuuzi alikula sahani sita, akaomba na ya kubeba.