Maneno Niliyomtilia Mdomoni Kijana wa Sinema

Naomba jina langu lisionekane. Hili sijamwambia mtu, hata mama aliyeko Dar: nimepotosha tafsiri ya filamu makusudi, na sasa uongo wangu unamkatisha kaka yangu masomo.

Nina miaka kumi na sita. Naishi na baba hapa Guangzhou, ananunua nguo za jumla na kuzisafirisha nyumbani. Nilianza shule kwa Kiswahili, nikaendelea huku kwa Kichina, kwa hiyo mimi ndiye mdomo wake. Siku ya mzigo siendi shule, nashinda naye Zhanqian Road, mtaa wa maduka ya nguo, nikimbembeleza laoban, yaani bosi wa duka, ashushe bei. Watu hucheka: mtoto anayeona haya hata kusalimia wageni, akifika sokoni anafoka Kichina! Ninachotaka ni kurudi kwa mama nikasome kama wenzangu. Ila nikitaka kumwambia baba, sauti haitoki.

Jumapili alileta DVD. Baba anakielewa Kihindi cha sinema, lakini hii ilikuwa ya Kitelugu, lugha nyingine ya India, na maandishi ya chini Kichina kitupu.

"Haya mama, tutafsirie," akasema. Jirani yetu Mama Nasra naye akavuta kiti.

Steringi ni kijana wa chuo, mwigizaji mpya, ndiyo filamu yake ya kwanza.

"Mgeni wa sinema," Mama Nasra akasema, "lakini macho yale si mageni kwa wanawake!"

Kijana anampenda mwanafunzi mwenzake aliyepata nafasi ya kusoma ng'ambo. Mwishoni wako uwanjani chini ya bendera ya nchi yao, chuo kizima kimekusanyika, naye anamwambia baba wa msichana: "Mwache aende akasome. Popote atakapokuwa, bendera hii ni yake."

Ndivyo ilivyoandikwa. Mimi nikasema: "Mzee, mrudishe mtoto nyumbani akasome. Nchi haijengwi na watu walio mbali nayo."

Nilikuwa najisemea mimi. Nilidhani baba atageuka anitazame. Alifuta machozi, akampigia simu kaka Sudi.

Sudi anamaliza shahada yake hapa hapa mjini, kwa Kiingereza, maandishi ya Kichina hayajui, na amepata ufadhili wa kuendelea. Baba akamwambia, "Achana nao. Rudi uitumikie nchi. Hata yule mtoto wa sinema kaliona hilo!"

Nikajikaza. "Na mimi, baba?"

Akacheka. "Wewe ukiondoka, nani atanisemea kwa hao laoban?"

Jana Sudi alikuja, macho mekundu. "Mdogo wangu, ni kweli yule kijana wa sinema alisema hivyo?" Nikaitikia kwa kichwa. Kwa kichwa tu, jamani, kaka yangu aliyenifundisha kusoma.

Leo amepiga simu: baada ya alasiri anakuja na rafiki yake wa chuo kutoka Hyderabad, Kitelugu ndiyo lugha ya mama yake. Wataitazama upya, na baba akiwepo.

Nishaurini. Nimwambie baba kabla hawajafika? Nikisema, nitakuwa nimemwambia pia kwamba nataka kumwacha peke yake. Nianzeje, mimi nisiyejua kusema ya kwangu?

Nasikia viatu kwenye ngazi. Ni vya baba, yuko peke yake. Siku zote akiingia huwa naufunga ukurasa huu wa kompyuta haraka. Leo nausogeza juu, pale mwanzo, na kiti namwachia yeye asome.