Fernande Aliyemkata Kaka Yake

"Huruma yako inaiharibu filamu!" Fernande alimfokea mwongozaji. "Mtu kasimama dirishani kama nguo iliyosahauliwa kwenye kamba. Mtoe!"

"Lakini mtu mwenyewe ni kaka yako, Bi Fernande," alisema Bwana Vauquelin. "Na tumemzika juzijuzi tu."

"Najua aliyezikwa, nilikuwepo. Watazamaji hawakuwepo. Wao watapiga miayo."

Mimi nilikuwa msaidizi wa Fernande katika chumba cha kukatia filamu pale Boulogne, Ufaransa. Kazi yangu ilikuwa kubandika vipande na kufunga mdomo, na hilo la pili lilinishinda. Nikasema, "Muache basi, atamwua nani?" Akanitazama mpaka nikajifanya natafuta mkasi.

Fernande Quillévéré aliingia kazi hii angali msichana, akiosha filamu kiwandani Joinville, mikono ikinuka dawa hata kanisani. Enzi hizo wanaume walituachia wanawake kukata na kuunga, eti ni kama ushonaji. Ushonaji! Waongozaji wangapi walimletea matambara, wakatoka na suti, makofi wakapigiwa wao? Jina lake lilipita kwenye skrini watu bado wakitafuta viti.

Yvon, kaka yake, alikuwa fundi rangi aliyependa kujipitisha mbele ya kamera. Pale dirishani ndipo pekee alipopewa maneno ya kusema, na Fernande ndiye aliyemwombea. Fernande huyohuyo akavaa glavu zake nyeupe, akamkata. Akatundika kipande kwenye msumari pamoja na mabaki mengine, akaniambia tuendelee. Filamu ikawa nyepesi, ikasifiwa.

Kule mjini Brest, alikozikwa Yvon, mjane wake Armelle aliwakusanya majirani wakaenda sinema kumwona mumewe. Hawakumwona. Kesho yake akapanda treni, akatuingilia bila hodi.

"Wifi, umenizikia mume mara mbili!"

Fernande akainuka. Akatoa kabatini kile kipande, kumbe alikificha siku mabaki yalipokwenda kuchomwa, akakipitisha kwenye meza ya kukatia, ile mashine yenye kioo cha kuonyeshea picha. Yvon akatokea dirishani, amevaa koti zito, akageuka, midomo ikacheza. Kimya.

"Mbona hasemi?"

Nikamwona Fernande akinywea. Kwetu picha ina mkanda wake na sauti ina mkanda wake. Aliokoa picha, sauti akaisahau, ikafutwa ili mkanda utumike kwa filamu nyingine. Fernande, mkongwe wa kazi hii!

"Rudisha," alisema Armelle.

Akarudisha. Midomo ya Yvon ilipofunguka, Fernande akayasema yeye yale maneno, aliyoyasikia mezani pale mpaka yakamwingia mifupani. Aliyasema polepole, sawia na midomo ile: "Mvua imekatika, mama watoto. Vaa viatu twende."

Armelle akaziba mdomo kwa kiganja. Wakairudia, wakairudia tena, mpaka sauti ya Fernande ikakwama katikati. Ndipo alipolia, kichwa juu ya mashine, picha ya kaka yake imeganda kwenye kioo.

Armelle akaigusa ile picha kwa kidole.

"Hilo koti ni la marehemu baba yenu, ulimwazima tu. Nilikuahidi nitalirudisha, wifi, halafu tukamzika nalo. Sikuwa na uso wa kukwambia."

"Muache nalo," alisema Fernande. "Brest kuna baridi."