Nyumba Kavu ya Kwetu Kinamasini

Siku ile ya viatu hainitoki kichwani, mwanangu. Baba alininunulia viatu vyangu vya kwanza, tukatoka kijijini kwa miguu kwenda Kalemie kuuza samaki, naye akanikataza kuvivaa njiani. Nikavibeba kichwani. Nilifika sokoni vidole vinatoka damu, viatu vinang'aa, watu wanacheka, baba amefurahi sana. Pale sokoni palikuwa na mama mmoja wa kuchoma samaki, watamu, siku hizi sijui nani anachoma vile. Lakini nilikuwa nasema juu ya baba. Alikuwa mtu wa kutunza vitu. Ndiyo sababu yule Mzungu aliyekuwa ananunua pamba kwetu, alipoondoka, alimwachia yeye ufunguo wa nyumba kubwa.

Kijiji chetu ni kidogo, kando ya mto Lukuga unaotoka ziwani, katikati ya matete. Mvua ikikaza, maji yanaingia mpaka chini ya kitanda. Nyumba ile tu ndiyo iko juu, ya matofali, sakafu ya saruji, kavu mwaka mzima. Miaka na miaka tuliifagia kwa zamu, tukimngojea mwenyewe. Hakuna mtu aliyelala mle.

Halafu vita vikafukuza watu wa Nyunzu. Mulunda akatufikia katika mvua, kijana kama mimi wakati ule, amembeba mama yake mgongoni, mama anakohoa mpaka anajikunja.

"Papa, mama iko mugonjwa. Utupe kona moja tu, hata pa baraza."

"Mutoto yangu, nyumba iko na mwenyewe," baba akamjibu. "Akirudi nitamwambia nini?"

Mama Feza, jirani yetu, mtu wa mdomo, akamkatiza: "Panya wanalala mule kila siku, Papa. Wao walikuomba ruhusa?"

Watu wakacheka. Baba hakucheka. Ufunguo ulibaki shingoni mwake.

Tukawapa kibanda cha nyavu, kule chini. Tuliwapa ugali, tuliwapa blanketi, tukajiona watu wema. Mama yule alilala juu ya mbao, maji yanapita chini yake. Alikufa mvua haijakatika.

Kumzika nako kulikuwa taabu. Tunachimba, shimo linajaa. Mahali pakavu palikuwa mahali pamoja tu, ubavuni mwa nyumba kubwa. Hapo baba hakukataa.

Tulipomaliza, akavua ufunguo, akamnyooshea Mulunda. "Ingia upumzike, mwanangu."

Mulunda akautazama. "Mimi niko muzima, Papa. Mvua hainifanyi kitu."

Mzungu hajarudi mpaka leo. Maji ya ziwa yalipopanda miaka hii, sote tumehamia mle, na hakuna aliyetuuliza.

Basi nakuambia, mwanangu: ukishika ufunguo wa mtu asiyekuwapo, mtazame kwanza yule aliye mbele yako. Huyo wa mbali, akirudi, utamwomba msamaha. Huyu wa mlangoni pengine hutapata nafasi. Mungu akupe mkono mwepesi wa kufungua, akuepushe na usingizi wa kushtukashtuka kama ule baba aliolala miaka yake ya mwisho.

Siku ile ya mazishi Mulunda hakukaa hata kunywa maji. Alipangusa jembe tulilochimbia kaburi, akamrudishia Mama Feza, akamuaga yeye peke yake, akashika njia ya matete kuelekea reli. Hatukumwona tena.