Mpira Nilioupangusa

Mjukuu wangu ni Mskoti. Binti yangu alikuja kusoma Stockholm, mimi nikamfuata, kisha akaolewa na kijana wa Uskoti wakahamia huko. Wakaniacha hapo hapo Stockholm, mtaa wa Hagsätra, na kazi yangu ya kusafisha ofisi kule Sundbyberg. Mtoto wao alishikishwa fimbo ya gofu kabla hajajua kufunga kamba za viatu. Pasipoti ni ya kwa baba yake, lakini yale mabega ni yangu. Nimeyasukumia mashine ya sakafu miaka na miaka, nayajua.

Alipoanza gofu ya kulipwa nilitangaza kanisani bila kuombwa. Mama mmoja Mkenya mwenzangu akacheka.

"Gofu si ya wazee wenye vitambi?"

"Basi huyu ni mzee wa miaka ishirini na minne, hana kitambi, na anaonyeshwa kwenye televisheni," nikamwambia. "Wako anaonyeshwa wapi?"

Sikujua mchezo wenyewe ulivyo na roho mbaya. Kila mwisho wa msimu wanapanga majina, na ukiwa chini ya mstari unanyang'anywa kadi ya kucheza. Mwaka jana mjukuu wangu aliumia kifundo cha mkono, akashuka mpaka karibu na huo mstari. Shindano la mwisho likaangukia huku kwetu Stockholm, nje kidogo ya mji. Akicheza vizuri, kadi inabaki. Akiharibu, kwisha.

Alilala kwangu sebuleni. Asubuhi ya siku ya mwisho kijana wake wa kumbebea mfuko wa fimbo akapiga simu: mgongo umekaza, hawezi hata kuvaa soksi.

"Shosho," mjukuu wangu akaniita, "utanisukumia kigari cha fimbo?"

"Nimesukuma vizito kuliko hicho."

Njiani akanifundisha. Nisiseme wakati anapiga. Nisimame nyuma, kivuli changu kisimguse. Tukifika kwenye majani mafupi yenye shimo, atanipa mpira niupanguse kwa taulo. Basi, hayo tu.

Nikafanya kazi yangu. Kulikuwa na tope la Oktoba, na kila shimo alinirushia mpira, mimi nikaung'arisha kama kijiko cha wageni. Mswidi aliyekuwa akicheza naye akanitazama akatabasamu. Nilivimba kichwa, sikatai. Mtoto alikuwa anapiga vizuri, na kwenye ubao jina lake lilikuwa juu ya mstari.

Yalipobaki mashimo matatu, mpira wake ukaangukia kwenye nyasi ndefu zenye maji. Yeye akatangulia mbele kutazama shimo lilipo. Mimi nikaufikia mpira kwanza. Ulikuwa na tope upande mzima. Nikauokota, nikaupangusa, nikaurudisha palepale. Hata sikufikiri. Mtu aliyesafisha tangu ujana akiona uchafu mkono unatangulia wenyewe.

Akarudi, akauona unavyong'aa.

"Shosho, umefanya nini?"

"Nimekusafishia. Ulikuwa kama kiatu cha mkulima."

"Umeuinua?"

"Sasa ningeusafishaje ukiwa chini?"

Akafumba macho. Akaniambia polepole kwamba pale kwenye nyasi haturuhusiwi kuugusa, yeye wala mimi, na mimi nikikosea ni yeye amekosea. Mkwaju mmoja wa adhabu unaongezwa kwenye hesabu yake, na kwenye gofu mwenye mikwaju michache ndiye anayeshinda. Nikageuka huku na huku. Yule Mswidi alikuwa mbali, amegeukia fimbo zake.

"Nyamaza basi. Hakuna aliyeona."

"Mimi nimeona."

"Wewe si mtu, wewe ni mjukuu wangu! Piga mpira twende!"

Akainua mkono, akamwita Mswidi, akamweleza mwenyewe. Akaja mzee wa sheria za mchezo na kigari chake cha umeme, akasikiliza, akatikisa kichwa kwa huruma, kisha akamwandikia mkwaju wake. Huruma ya bure. Nilitamani kumpiga na taulo.

Alikosa kadi kwa mkwaju mmoja. Huo huo.

Wachezaji wakaja kumkumbatia mmoja mmoja, wakisifu uaminifu wake. Mimi nikasimama na kigari kama mtu aliyeletwa kuchukua takataka. Kanisani walipopata habari wakasema Mungu ana makusudi yake. Nikawauliza kama Mungu huyo anacheza gofu. Tangu hapo wananikwepa kwenye chai ya baada ya ibada.

Miaka ishirini ya mvua ya Uskoti, magoti, mikono iliyopasuka, Krismasi alizokuwa uwanjani. Na mimi, niliyejisifu kwa kila aliyenikalia karibu kwenye treni, ndiye niliyemtoa. Si upepo, si mpinzani. Bibi yake na taulo.

Majuzi akapiga simu.

"Shosho, nimepata kazi. Nafundisha wazee hapa uwanja wa nyumbani."

"Si utajaribu kadi tena mwakani?"

"Hapana. Nimeacha."

"Ni kwa ajili ya ule mpira?"

Nyuma yake nilisikia mtu akipiga mipira, mmoja baada ya mwingine, vibaya. Nilimngoja aseme hapana. Neno moja tu, hata kama si kweli, ningelipokea kwa mikono miwili. Lakini huyu mtoto hajui kudanganya.

"Huko theluji imeanza?" akaniuliza.

Nikamwambia imeanza.