Sauti Nyuma ya Mbuzi

Nikisikia harufu ya mkojo wa mbuzi uliochanganyika na moshi, narudi utotoni. Ndiyo harufu ya nyumba yetu pale chini ya Meru, enzi za Mjerumani, nami katoto kasiko na adabu, naiga kila mtu. Nikimwiga askari, tumbo mbele, "Weye! Toa mtu!", hata baba alicheka, na baba hakuwa mtu wa kucheka.

Siku moja askari akaja kweli. Kila nyumba itoe mwanamume akabebe mawe. Baba alikuwa migombani, amejifunika majani makavu. Mama alipoulizwa, akanyoosha kidole zizini. Kule alijificha baba mdogo Loishiye, kivulana tu, sauti bado inakwaruza. Wakamfunga kamba. Hakurudi.

Koko, bibi yangu mzaa baba, alikuwa kipofu, na siku hiyo alikuwa kwa dada yake. Kabla hajarudi, mama akanikamata sikio. "Akijua nimemtoa mwanawe atanilaani nisizae tena. Wewe si unajua kuiga? Haya, iga!"

Basi kila jioni nasimama nyuma ya mbuzi, namwita Koko yeyo, yaani mama, kwa sauti ya Loishiye. "Yeyo, nimerudi."

"Njoo unipe kichwa, mwanangu." Kwetu mtoto hata awe na ndevu anainama, mzazi amguse utosi.

"Nina upele, Yeyo, nitakuambukiza."

Mama pembeni anakamua.

Mvua zilipoanza Koko akachoka. "Upele gani huo usiopona? Njoo!" Nikaenda, ningefanyaje? Mkono ukashuka utosini, ukapapasa masikio, ukafika kwenye shanga zangu za shingoni. Ukatulia. Kisha akanitemea mate ya baraka, taratibu. "Umekuwa mdogo, mwanangu. Mwambie huyo anayekamua, naye alete kichwa."

Mama hakupeleka. Mpaka Koko anakufa, alikuwa anampa uji kwa kunyoosha mkono kutoka mbali. Na hakuzaa tena, ingawa laana sikuisikia.

Alipozeeka alikuja kwangu, mama yangu mzazi, akapiga magoti, akainamisha mvi zake. "Sema kama Koko. Nibariki." Sauti ya Koko ninayo, nzima, hata sasa. Lakini mdomo wangu huu ukatoa ya Loishiye: "Nina upele, nitakuambukiza." Nilidhani natania. Akajiinua, akajifunga kanga, akaenda zake.

Siku hizi vitukuu wangu wananirushia shikamoo kutoka barabarani, wanakimbilia basi. Nawaita warudi, walete vichwa. "Bibi naye, anatuchelewesha!" Wachelewe. Nawapapasa hadi masikio, mmoja mmoja. Kichwa cha mama sikukigusa.